Mansuete, meek, mild, gentle: ni mpole yupi?

Mansuete ni kivumishi cha Kiingereza ambacho Waingereza wenyewe walikiacha zamani. Kamusi hukitia alama ya neno la kale, na ukimtamkia mtu wa London leo atakuomba urudie. Hata hivyo wasomaji wa Kiswahili bado hukutana nacho. Wapo wanafunzi wa fasihi wanaosoma Chaucer, mshairi wa Kiingereza wa karne ya 14, wapo wafasiri wa maandishi ya zamani ya dini, na wapo watu wa Kongo, Rwanda na Burundi ambao Kifaransa chao bado kina mansuétude, wakadhani Kiingereza nacho kina neno la ukoo huo linalotumika kila siku. Hakina.

Shida huanzia kwenye kamusi ya Kiingereza kwa Kiswahili. Fungua meek, utakuta mpole. Fungua mild, mpole. Gentle, mpole. Kwa msomaji wa haraka yote yanakuwa kitu kimoja, na hapo ndipo barua ya kumsifu mtu inapogeuka ya kumshusha. Kwa mwenye haraka, mgawanyo ni huu: mansuete ni mpole aliyezoeshwa upole, mild hakuwa na ukali tangu mwanzo, meek ameinama, gentle anakushika taratibu. Yaliyobaki, yaani debonair, buxom na lithe, siku hizi ni mitego mitupu.

Mkono ulio ndani ya mansuete

Kilatini mansuetus kimeungwa kwa vipande viwili: manus, mkono, na suescere, kuzoea. Maana yake ya kwanza ilikuwa hali ya mnyama aliyezoea mkono wa binadamu: anakula kiganjani, anakubali kushikwa shingo, hakurupuki ukimkaribia. Neno lilipohamia kwa watu halikupoteza harufu ya zizi.

Samuel Johnson, katika kamusi yake ya mwaka 1755, alilieleza hivi: aliyefugika, mpole, asiye mkali, asiye wa porini. Mfano aliouweka chini yake haumhusu mtu. Aliutoa kwa John Ray, mtaalamu wa mimea na wanyama, ambaye katika kitabu cha mwaka 1691 alizungumzia ndege wa kufugwa na walio mansuete, akawatofautisha na wa porini. Ukikutana na neno hili kwenye maandishi ya karne ya 17 na pembeni yake kuna mnyama au ndege, usiandike "ndege mpole". Andika "ndege aliyefugika" au "ndege aliyezoea watu". "Ndege mpole" humfanya msomaji afikirie tabia ya ndege huyo, na Ray alikuwa anazungumzia ufugaji.

Ndugu wa neno hili wametapakaa. Kihispania na Kireno vina manso, na kwenye uwanja wa mchezo wa ng'ombe kule Hispania fahali akiitwa manso ametukanwa, maana amekataa kupigana. Wapemba, wenye mchezo wao wa ng'ombe, wataelewa fedheha hiyo bila kufafanuliwa. Mastiff, lile jina la mbwa mkubwa wa ulinzi, nalo linarudishwa kwenye mansuetus kupitia Kifaransa cha kale: mbwa aliyefugika, wa nyumbani. Anayemjua mbwa huyo atacheka kidogo.

Mansuete na mild

Haya mawili yanakutana kwenye mstari mmoja maarufu. Katika Troilus and Criseyde, shairi refu la Chaucer la miaka ya 1380, Criseyde anatolewa Troya na kupelekwa kambi ya Wagiriki, abadilishwe na mfungwa Antenor. Hakutaka kwenda. Baba yake anampokea, anambusu mara ishirini, anamwambia karibu binti yangu. Naye anajibu kwamba amefurahi kumwona, kisha anasimama "mewet, milde, and mansuete".

Mewet ni kimya, asiyesema. Milde ni neno la Kiingereza cha asili, la ukoo mmoja na mild ya Kijerumani, nalo linataja upole wa kawaida, wa sura na mwenendo. Kama mansuete lingekuwa na maana ileile, mshairi angekuwa anajaza vina tu. Vina vipo kweli, maana linapatana na swete na mete za mistari iliyotangulia, lakini tazama hali ya huyo mwanamke: amehamishwa kama mali, amesimama mbele ya mwenye mamlaka juu yake, ameacha kushindana. Huyo ndiye aliyezoeshwa mkono.

Kwa Kiswahili wengi wangekimbilia "mkimya, mpole, mtulivu". Inapendeza, na ngeli yetu inatupa herufi m mara tatu bila jasho, sawasawa na Chaucer alivyozipanga zake. Lakini "mtulivu" linampa amani ambayo hana. "Mnyamavu, mpole, mtiifu" liko karibu zaidi, kwa sababu utii una upande wa pili: yupo anayetiiwa. "Aliyefugika" lingekuwa sahihi kwa asili ya neno, ila kwa Kiswahili cha leo ni tusi, na Chaucer hakumtukana.

Mild ya leo imehama sana kutoka kwa watu. Bado unaweza kusema mtu ana "mild manner", lakini makazi yake makubwa ni vitu: hali ya hewa isiyo baridi wala joto kali, sabuni isiyochubua ngozi, jibini isiyo na ukali, maumivu madogo. Kwenye vipeperushi vya hospitali mild ni kipimo cha chini kabisa katika ngazi yenye vidato vitatu, likifuatwa na moderate na severe. Ukilifasiri "homa ya upole" mgonjwa atashangaa. Ni "homa ndogo" au "homa isiyo kali". Mild na mpole yanafanana kwa binadamu tu. Kwa ugonjwa, chakula na sabuni, sema "isiyo kali".

Mansuete na meek

Hapa ndipo penye kazi kubwa, kwa sababu Biblia imo ndani.

Meek lilitoka kwa watu wa Skandinavia, kutoka mjúkr, laini, linalopindika, likaingia Kiingereza yapata mwaka 1200. Halina mfugaji wala mkono. Lina kuinama tu.

Sasa tazama neno moja la Kigiriki, praus, katika Injili ya Mathayo. Linatokea 5:5, 11:29 na 21:5. Tafsiri ya Kilatini iliweka mitis katika zile mbili za kwanza, na mansuetus katika ya tatu, ile ya mfalme anayeingia Yerusalemu amepanda punda. Tafsiri ya Kiingereza ya 1611, ile ya King James, ikaweka meek kote. Kiswahili cha Union Version nacho kikaweka shina moja kote: "Heri wenye upole", "mimi ni mpole na mnyenyekevu wa moyo", na tena "mpole, naye amepanda punda". Kwa hiyo anayefasiri mahubiri ya zamani yaliyoandikwa kwa kufuata Kilatini, akakuta mansuete kwenye kifungu cha punda, asidhani mhubiri ameleta wazo jipya. Amefuata Kilatini chake. Weka "mpole" kama Biblia ya Kiswahili ilivyoweka, la sivyo wasikilizaji hawatakitambua kifungu.

Toleo la Kiingereza linalohusishwa na Wycliffe, la mwisho wa karne ya 14, halikutumia meek pale kwenye Heri. Liliandika "mylde men". Tyndale mwaka 1526 ndiye aliyeandika "the meke", na tangu hapo neno likaganda.

Kuna jambo la kukwaza zaidi katika Wagalatia 5:22–23, kwenye tunda la Roho. Ukipanga Biblia ya 1611 na Union Version sambamba, sifa kwa sifa, gentleness iko nafasi ya tano, na nafasi ya tano ya Kiswahili ni "utu wema". Meekness iko ya nane, na ya nane ya Kiswahili ni "upole". Fungua sasa Kiingereza cha kisasa, kwa mfano New International Version: nafasi ya tano imekuwa kindness, na gentleness imeteremka hadi ya nane. Neno lilelile, orodha ileile, limehama nafasi tatu. Mwalimu wa Biblia anayefundisha "gentleness" huku nusu ya darasa wana Biblia za Kiingereza za kale na nusu za kisasa anafundisha sifa mbili tofauti bila kujua. Dawa ni kutaja nafasi, au kurudi kwenye Kiswahili, ambacho hapa hakijayumba.

Kwa nini gentleness ilichukua kiti cha meekness? Kwa sababu meek imechakaa. Katika Kiingereza cha leo mtu meek ni yule asiyethubutu kusema, anayekubali kila kitu, anayepitwa kwenye foleni akanyamaza. Kiswahili kina neno kwa huyo, mnyonge, na mara nyingine dhalili. Mpole wetu hajashuka kiasi hicho. Tunasema simba mwenda pole ndiye mla nyama, na hakuna anayemwonea huruma simba huyo. Ukiandika barua ya kumpendekeza binti kazini, kwa kampuni ya Nairobi au Dubai, ukasema "she is meek", umewaambia kwamba hatafungua mdomo kwenye mkutano. Musa wa Hesabu 12:3, aliyekuwa "mpole sana" kuliko wanadamu wote, ni meek kwa Kiingereza cha 1611, na ndiye huyohuyo aliyemkabili Farao. Kwa Kiingereza cha leo sifa hiyo ingehitaji neno jingine.

Kwa hiyo kati ya mansuete na meek: kama maandishi yanaonyesha hasira iliyotawaliwa, ni wazo la mansuete. Kama yanaonyesha kujishusha, ni meek.

Hasira ya ndani na adhabu ya nje

Waliolipima neno hili kwa uangalifu zaidi ni wanafalsafa wa dini. Thomas Aquinas, karne ya 13, alitenga swali zima, la 157 katika sehemu ya pili ya pili ya Summa, kitabu chake kikubwa cha teolojia, kwa ajili ya clementia na mansuetudo. Mansuetudo hutuliza hasira yenyewe moyoni. Clementia hupunguza adhabu inayotoka nje, na ni ya mkubwa kwa aliye chini yake. Hakimu anaweza kuwa amekasirika na bado akapunguza kifungo. Mtu asiye na mamlaka yoyote anaweza kuwa na mansuetudo, ila hana wa kumpunguzia adhabu.

Chaucer aliupokea mgawanyo huo. Katika hadithi ya Kasisi, iliyomo ndani ya The Canterbury Tales, kwenye mlolongo wa dhambi na dawa zake, dawa ya hasira ni mansuetude, naye anaifafanua papo hapo: yaani debonairetee. Baada yake anaweka subira.

Kwa waliokulia pwani, au wenye Kiarabu kidogo, kuna neno linalokaa hapa vizuri kuliko "upole": hilmu, sifa iliyozaa majina Halim na Halima. Mwenye hilmu anao uwezo wa kukasirika na hata wa kulipiza, lakini anajizuia. Katika tafsiri ya maandishi ya falsafa tunapendekeza "hilmu" kwa mansuetude na "rehema" au "msamaha wa mwenye mamlaka" kwa clemency. Katika mahubiri ya kanisani hilmu litawapita wengi. Huko andika "upole unaotawala hasira", maneno matatu badala ya moja, na usijali urefu.

Clement kama kivumishi siku hizi limebaki kwa hali ya hewa, na zaidi kwa kinyume chake: tangazo la "inclement weather" ni hali mbaya ya hewa.

Gentle

Gentle ni neno la salama kuliko yote, ndiyo maana tunalipendekeza kwanza. Lilianza kama la ukoo bora, kutoka gens, ukoo, kwa njia ya Kifaransa. Ndiko alikotoka gentleman. Maana ya upole wa kugusa na kusema ilikuja kutawala baadaye. Katika maandishi ya Shakespeare na wenzake, "gentle" mbele ya jina la mtu mara nyingi ni heshima, karibu na "muungwana", na muungwana ndilo tafsiri yake, kwa kuwa nalo linabeba nasaba na adabu pamoja.

Leo linafaa kwa mtu, mnyama, mkono wa nesi, mteremko usio mkali, upepo mwanana, na moto mdogo wa jikoni. Angalia hilo la moto: "gentle heat" ni moto mdogo chini ya sufuria, lakini "mild heat" kwenye chupa ya sosi ni pilipili kidogo.

Mitego

Debonair, ile dawa ya hasira ya Chaucer, leo ni mwanamume aliyevaa suti nzuri, mwenye maneno matamu na kujiamini. Ukimsifu marehemu padri kwa neno hilo, waombolezaji watatazamana. Buxom ni hatari zaidi. Katika kiapo cha ndoa cha Uingereza ya zamani, kwa utaratibu wa ibada wa Sarum, yaani Salisbury, bibi harusi aliahidi kuwa "bonere and buxum" kitandani na mezani: bonere ni ufupisho wa debonair, mpole, na buxum ni mtiifu, anayepindika. Leo buxom humwelezea mwanamke kwa ukubwa wa kifua. Anayelitafuta kwenye kamusi ya kisasa na kulirudisha kwenye kiapo cha kale anaharibu harusi ya watu.

Lithe lilikuwa upole mtupu katika Kiingereza cha kwanza kabisa. Leo ni mwili mwepesi unaonyumbuka, wa mcheza sarakasi au paka. Bede, mtawa wa Uingereza, aliandika mwaka 725 kwamba Waingereza wa kale waliita miezi ya Juni na Julai Litha, akalieleza jina kuwa ni mwanana au wa kusafiria baharini, kwa sababu upepo hutulia na vyombo hutoka. Kwa Kiswahili hapo tumia "mwanana" moja kwa moja. Mabaharia wetu wangeshangazwa na miezi yenyewe, maana Juni na Julai huku ni kusi kali.

Kupima kwa mbwa mmoja

Chukua sentensi "mbwa huyu ni mpole" na uijaribu. "A gentle dog": anacheza na watoto, hawaumizi; ndiyo sentensi sahihi. "A docile dog": anaelekezeka, hasumbui kwa daktari wa mifugo. "A tame dog" inasikika ovyo, kwa sababu mbwa wa nyumbani amefugwa tayari. Tame ni ya mbweha au nyani. "A meek dog" ameingiza mkia katikati ya miguu. "A mild dog" hakuna anayesema. "A mansuete dog", kwenye riwaya inayojifanya ya mwaka 1600, ni mbwa aliyekuwa akiuma na sasa haumi.

Ukilikuta kwenye maandishi

Angalia kwanza nomino iliyo jirani. Mnyama au ndege: "aliyefugika". Mtu mbele ya mkubwa wake: "mtiifu" au "mpole", kutegemea kama alilazimika. Moyo, roho au hasira: hilmu, au upole unaotawala hasira.

Kisha angalia kama limefuatana na mwenzake. Waandishi wa Kiingereza cha kati walipenda kuweka neno la asili kando ya la Kilatini au Kifaransa lenye maana karibu sawa, ili msomaji asiyejua moja apate jingine. Kwenye maandishi ya mafunzo, "meek and mansuete" kunaweza kutosha "mpole" moja tu. Kwenye shairi usipunguze. Mshairi amehesabu silabi.

Ukiwa unaandika Kiingereza chako mwenyewe, mansuete usilitumie kabisa nje ya shairi au tamthilia ya kale. Kwa mpole wa kauli andika soft-spoken. Kwa asiyekasirika upesi, even-tempered. Kwa mwalimu wa watoto wadogo, patient na gentle. Na kama lazima utoe ladha ya Kilatini, nomino mansuetude inavumilika kuliko kivumishi chake, kwani bado huchungulia mara mojamoja katika insha na hukumu za kisomi.

Kulisoma kwa sauti: mkazo uko kwenye silabi ya pili, kama vina vya Chaucer vinavyoonyesha. Kwa matamshi ya wakati wake ni karibu na mansweete, e mbili zikivutwa na ya mwisho ikiguswa tu. Kwa Kiingereza cha leo ni manswiit, bila e ya mwisho.